Mkenya asiye na dini ana neno kwetu

Leo tunaandika juu ya mtu ambaye wengi wenu hamtampenda. Anaitwa Harrison Mumia, ni Mkenya. Haendi kanisani wala muskitini, na anasema mbele ya kamera kwamba Mungu hayuko. Anaongoza chama cha Wakenya wasioamini.

Chama hicho kwanza kilikataliwa, kisha kikaandikishwa Februari 2016. Watu wa dini wakapiga makelele, na Aprili mwaka uleule Mwanasheria Mkuu akakisimamisha, eti juu ya amani ya nchi. Mumia hakurusha jiwe. Alienda mahakamani, na mahakama ikamrudishia haki. Mwaka 2021 katibu wake akajiuzulu. Tangazo la chama likasema amempata Yesu, likamshukuru kwa kazi yake na kumtakia heri. Tulicheka, kweli. Lakini ni mchungaji gani au imamu gani anaaga hivyo mtu anayemtoka?

Sisi wa gazeti hili tunasali, wengine Ijumaa, wengine Jumapili. Hatukubali yote anayosema. Tena asiseme mtu kwamba dini haikutufanyia kitu: hospitali ya Tunda ni kazi ya Wamethodisti, na wake zetu wanazaa humo. Lakini swali lake tunalichukua: mtu akishika mikro na kusema Mungu amemtuma, nani anamuuliza? Huko huko Kenya, mwaka 2023, katika msitu wa Shakahola karibu na Malindi, ilifukuliwa miili zaidi ya 400, mingi ya watu waliofunga kula mpaka kufa ili wamwone Yesu. Mhubiri wao alipelekwa mahakamani. Kwa watoto waliozikwa mule, mahakama ilichelewa.

Na kwetu? Kwetu hatufungi mpaka kufa. Kwetu shimo linabomoka, au kasiteriti inapotea mwezi mzima, PDG anadai madeni yake, na jioni kuko mtu anakuja nyumbani kusema ameona katika maombi: «Huyu mtoto iko na bulozi.» Mara nyingi ni yatima, au mtoto wa mke wa kwanza, au yule anayekojoa kitandani. Hawamwoni kamwe mtoto wa tajiri. Baba amechoka, ana uchungu, anaamini. Mtoto analala nje, na anayetoa mapepo analipwa kwa gramu za dhahabu.

Ndugu wachimbaji, shimo linabomoka kwa sababu miti ya kulishika haikutosha, au mvua ilinyesha usiku na asubuhi watu wakashuka bila kuangalia. Mnajua ninyi kuliko sisi.

Katiba ya 2006, kifungu cha 1, inasema Leta yetu haina dini. Kifungu cha 22 kinamwachia kila mtu imani yake, hata asiyeamini. Na kifungu cha 41 kinakataza kumshitaki mtoto kwa ulozi. Sheria ya Januari 2009 ya kulinda watoto, kifungu cha 160, inatoa kifungo cha mwaka 1 mpaka 3 na faini ya franka 200.000 mpaka 1.000.000. Haisemi isipokuwa pasta, haisemi isipokuwa baba mzazi.

Tunaomba parke na polisi waitumie. Na wewe jirani unayemwona mtoto amelala nje kwa neno hilo, mwingize kwako usiku huo, asubuhi mwende pamoja kwa chef wa kata, mkataje namba ya kifungu: 160.