Viinimacho na Kipande cha Chupa
Wapo wanaosema kupeleka familia kwenye makumbusho ya viinimacho, kama yale ya Dubai, ni kuchezea fedha. Hatukubaliani nao. Mle kuna chumba kilichobuniwa na Mmarekani Adelbert Ames: kuta na sakafu zimepindishwa, mtoto anaonekana mrefu kuliko baba yake. Lakini sharti uchungulie tunduni kwa jicho moja. Ukisogea pembeni, ujanja unaonekana.

Hapa Maganzo, jirani na Mwadui alikogundua almasi Williamson mwaka 1940, tunamfahamu mzee aliyeuza ng'ombe akanunua kipande cha chupa kwa mwanga wa tochi ya muuzaji. Hakuomba kukitoa nje.

Dubai ni mbali. Watoto wa Utoto Mtakatifu wajengewe chumba hicho kwa mbao likizo hii, na wazazi nao wachungulie.