Mvua Moja ya Amsterdam
Mwaka 1929 Joris Ivens na Mannus Franken walitoa Regen, filamu ya dakika kama 12 isiyo na mwigizaji wala hadithi. Matone yanaanza kudonoa maji ya mfereji, watu wanatazama juu, madirisha yanafungwa, miavuli inafunguka, tramu zinapita kwenye barabara inayong'aa. Kisha mvua inakatika. Kumbe ni mvua nyingi, zilizopigwa picha kwa miezi kadhaa na kuunganishwa ziwe moja. Huo ndio ufundi ninaouheshimu: mji hausimuliwi, unaachwa ujioneshe kwa mapaa yake na nyayo za watu wake. Vijana wa Dar es Salaam, simu mnazo. Rekodini Kariakoo masika yajayo, kabla nyumba zake za zamani hazijaisha kubomolewa.