Nyumba Inayojua Arusi na Msiba

Mwaka 1962 mwandishi wa Kiingereza J. G. Ballard alitoa hadithi ya nyumba za ajabu. Nyumba hizo hutanuka mwenyewe akifurahi na husinyaa akikasirika. Ajabu zaidi, huhifadhi chuki za mkazi aliyetangulia, zikamwangukia anayefuata. Siku hizi wako mafundi wanaotaka kuifanya kweli ndoto hiyo kwa mitambo, taa na joto la chumba vibadilike kwa kufuata mapigo ya moyo wa aliyemo. Nami nasema, waungwana, kabla hatujafungua vinywa kwa mshangao, twendeni kwanza Sericho.

Sericho iko upande wa Garba Tula, katika kaunti ya Isiolo, kwenye sehemu za chini za mto Ewaso Nyiro, maji yanapoelekea kupotelea katika kinamasi cha Lorian. Wakazi wake wengi ni Waborana, wafugaji, Waislamu wenzetu wa kibla kimoja. Nyumba kwa lugha yao ni mana, na mjenzi wake ni mwanamke. Ile ya kuhama ni fito zilizopindwa zikafungwa kwa kamba, kisha zikafunikwa kwa mikeka na ngozi. Siku ya safari huvunjwa na kupakiwa juu ya ngamia. Wakifika huinuliwa tena, na nyumba ni ile ile.

Sasa msomaji ataniuliza: hisia ziko wapi katika fito na mikeka? Jibu limo katika arusi. Mwaka 1995 msanifu majengo wa Marekani, Bibi Labelle Prussin, alitoa kitabu juu ya nyumba za wahamaji wa Afrika. Alionyesha kuwa kwa watu hawa kuoa na kujenga ni jambo moja. Kwa Wagabra, jirani wa Waborana na wasemaji wa lugha moja nao, mama anayeoza binti humkatia sehemu ya nyumba yake mwenyewe, ikachanganywa na vitu vipya kumsimamishia bi arusi nyumba yake. Basi kila binti atokapo, nyumba ya mama hupungua. Ajuza aliyeoza mabinti wengi hana haja ya kukusimulia habari zake. Ukiitazama nyumba yake umeshaambiwa: furaha alizozipata na upweke uliobaki, vyote vimo.

Sisi wa pwani tunalijua jambo hili, ila kwetu huenda kinyume. Katika nyumba za mawe za Lamu binti akiolewa nyumba huongezeka. Hupandishwa ghorofa juu ya wazazi, au huvushwa njia kwa wikio, ili mtoto asitoke mbali na mamaye. Mtoto akizaliwa, na maiti akioshwa, pana mahali pake ndani kabisa, mbali na macho ya njiani. Na kikitokea kifo, baraza ile ile ya mazungumzo hutandikwa mikeka ya matanga. Mjenzi wa Lamu alijua tangu mwanzo kwamba watu watacheka na watalia humo, akawawekea nafasi.

Lugha yetu nayo inashuhudia. Maskani na sakina ni maneno ya shina moja la Kiarabu. Na katika Suratun Nahl, aya ya 80, Mola anapohesabu neema zake juu yetu, hutaja majumba ya utulivu, kisha hapo hapo hutaja na nyumba za ngozi, zile nyepesi za wasafiri. Hakuitukuza moja akaidharau nyingine. Nani basi katupa sisi ruhusa ya kumcheka mwenye hema?

Lakini dunia imewatenga. Mji wa Lamu uliandikwa na UNESCO mwaka 2001 kuwa urithi wa ulimwengu, na ni haki yake. Mana ya Waborana imepata nini? Mwaka 1966, wakati wa vita vya shifta, serikali iliwakusanya wafugaji katika vijiji vilivyolindwa na askari, Garba Tula na Merti vikiwamo. Mifugo mingi ikaangamia. Nyumba ya kuhama bila ngamia ni sawa na jahazi bila bahari. Kisha ikaja ile kiangazi ya tangu mwisho wa 2020 hadi 2022, misimu mitano ya mvua ikakosekana mfululizo, na zaidi ya mifugo milioni mbili ikafa katika Kenya. Mikeka na ngozi vikazidi kuachia nafasi turubai na mabati.

Sisemi mabati ni haramu. Bati hukinga maji ya mvua, mlango wa kufuli humlinda mjane, na mtoto wa shule anahitaji mahali pa kudumu pa kusomea. Anayemtaka Mborana akae hemani ili apigwe picha na watalii hamtakii mema. Neno langu ni jingine. Tangu sheria ya nyumba nafuu ya mwaka 2024, Mkenya mwenye mshahara hukatwa asilimia 1.5 kwa ajili ya ujenzi. Fedha hizo zikifika nchi ya Waso, nani atakayeulizwa nyumba iweje? Nikipima kwa desturi za ofisi, mchoro utatoka mjini na fundi atakuwa mwanamume. Mama aliyekuwa mjenzi na mwenye nyumba atakabidhiwa ufunguo kama mpangaji.

Hapo ndipo nyumba inapokuwa kiziwi. Kwa hiyo natoa rai mbili. Kwanza, kila mradi wa nyumba Sericho na jirani zake uanze kwa kikao cha akina mama: waseme bi arusi atajengewa wapi, mkwe ataketi wapi, anayekaa eda atasitirika vipi. Pili, Makumbusho ya Taifa yawafuate wazee wa kike wanaojua kuzipinda fito hizo, ujuzi wao uandikwe nao wangali hai.

Wahenga walisema nyumba njema si mlango, fungua uingie ndani. Tunaomba wachoraji wetu wa ramani nao waingie ndani, na kabla ya kuingia wapige hodi.