TAARIFA YA TAWI: TIKITI YA UDIWANI SI ZAWADI



Tumepokea jumbe nyingi kuhusu tikiti ya chama ya udiwani katika wadi yetu. Wengine wanauliza mchujo utafanyika lini. Wengine, tuseme ukweli, wanauliza kama mwenye tikiti ameshajulikana na sisi tunaitwa tu kupiga makofi. Msimamo wetu ni huu: tawi halijamwidhinisha mtu yeyote, na tunapinga tikiti ya moja kwa moja katika wadi hii. Tunataka mchujo wa wanachama, kwa sanduku, mchana, kura zihesabiwe tukiona.

Wapo wanaosema tunajisumbua bure, kwamba macho yote yatakuwa kwa rais na gavana, diwani ataingia kwa wimbi. Hebu tupige hesabu. Nairobi ina wadi 85. Mwaka 2022 jiji lilikuwa na wapiga kura zaidi ya milioni 2.4 kwenye daftari. Ukigawanya, ni kama elfu ishirini na nane kwa wadi. Nusu yao wakibaki nyumbani, na karatasi ya udiwani ikiwa na majina kumi na kitu, mtu anaweza kushinda kwa kura elfu chache tu. Yaani ploti kadhaa za hapa mtaani zikiamua, zinampata diwani. Hakuna kiti kingine kati ya vile sita ambapo mpangaji wa chumba kimoja ana nguvu kiasi hicho.

Na diwani si mtu wa matanga na harambee. Katiba ya 2010 imeipa kaunti zahanati, ambulensi, masoko, uzoaji taka, taa za mtaani, barabara za kaunti, maji, chekechea na leseni za baa. Mama mboga anayesumbuliwa na kanjo asubuhi, mtaro unaofurika Aprili, dawa zinazokosekana zahanati: yote hayo yanapita mikononi mwa bunge la kaunti. Madiwani ndio wanaopitisha bajeti, na ndio wanaopaswa kumuuliza gavana pesa zimeenda wapi.

Tumeona jiji likiyumba wakati ukaguzi huo ukilegea. Januari 2018 naibu gavana alijiuzulu, na kiti hicho kikakaa wazi karibu miaka mitatu. Februari 2020 kazi nne kubwa za kaunti, zikiwemo afya na uchukuzi, zilikabidhiwa serikali kuu, na mwezi uliofuata ikaja NMS chini ya jenerali wa jeshi ambaye hakuna mkazi aliyempigia kura. Barabara kadhaa zilitengenezwa, hilo hatulikatai. Lakini ukiwa na malalamiko ulimpelekea nani? Desemba mwaka huo madiwani wakamtimua gavana, na Seneti ikaunga mkono. Kisha Septemba 2025 hoja ya kumwondoa gavana aliyechaguliwa 2022 ikawekwa kando baada ya vikao na vigogo wa vyama, nje ya ukumbi wa bunge. Uwe ulimtaka aende au abaki, jambo la wapiga kura wa Nairobi lilimalizwa pasipo kujadiliwa mbele yao. Diwani aliyepewa tikiti na mkubwa akipigiwa simu na mkubwa huyo atasema nini? Atasema ndiyo, mzee.

Ndiyo maana hatutapima mwaniaji kwa fulana alizogawa. (Fulana pokeeni, nguo ni nguo.) Kila mwaka serikali ya kaunti hupeleka makadirio ya bajeti bungeni kufikia tarehe 30 Aprili, na wananchi wana haki ya kutoa maoni kabla hayajapitishwa. Muulize anayetaka kura yako: ulihudhuria kikao kipi? Uliomba nini kwa ajili ya wadi hii? Asiyejua bajeti huandaliwa lini atajifunzia kazi juu ya mgongo wetu kwa miaka mitano.

Sasa jambo linalotuuma zaidi, na hapa tunasema na wenzetu wa humu humu. Wengi wetu tunaishi hapa mwaka mzima, watoto wanasoma hapa, kodi tunalipa hapa, lakini kura iko Kakamega, Kitui au Nyeri. Ikifika Agosti tunapanda basi, tunamchagulia gavana watu wa kaunti tunayoiona Krismasi. Tunaelewa: shamba liko huko, wazazi wako huko, na mtu ana haki ya kuwa na kwao. Lakini mtaro unaoingia nyumbani kwako hauko kijijini. Mwanachama asiyepiga kura hapa anatupa makofi kwenye mkutano na si chochote kwenye sanduku, na wapinzani wetu wanalijua hilo.

Uchaguzi ni tarehe 10 Agosti 2027. Kuhamisha kura hufanywa kupitia IEBC, nenda ofisi ya eneobunge ukiwa na kitambulisho. Hakugharimu kitu, na hakufanywi dakika za mwisho, kwa hiyo usingoje foleni. Vijana wenye kitambulisho kipya wajiandikishe moja kwa moja hapa, wasianze safari ya mababa zao.

Viongozi wa ploti, tunaomba kila mmoja atuletee idadi ya wanachama waliojiandikisha hapa na wale ambao kura yao iko kwingine. Idadi tu, msitume nambari za vitambulisho kwenye simu. Takwimu hizo tutaenda nazo makao ya chama tukidai mchujo. Wawaniaji wote wanaalikwa kikao kijacho cha tawi, kila mmoja dakika kumi, kisha maswali kutoka sakafuni. Atakayetuma mwakilishi tutamhesabu hakuja.

Kamati ya Tawi