Shamba lako liko kijijini au mtaani?

Juzi kijana mmoja kanipigia simu: shamba lake la nyanya limewekwa bikoni za barabara. Kitalu nyumba kipo, kisima kipo, dripu ndo kwanza imefungwa. Karatasi aliyonayo ni ya mauziano, ina muhuri wa mwenyekiti wa mtaa.

Hapo ndipo vijana wengi mnapoumia. Kijijini ardhi inasimamiwa na halmashauri ya kijiji, na mkutano mkuu wa kijiji una sauti, kwa Sheria Na. 5 ya 1999. Mji ukipanuka, kijiji kinageuka mtaa na mamlaka hayo yanahamia halmashauri ya mji, manispaa au jiji. Mwenyekiti wa mtaa anabaki shahidi tu, hagawi ardhi. Michoro ya mipango miji inapita kwa madiwani, na huko wakulima hatuonekani kabisa. Mimi naona ni uzembe wetu. Muuza mbegu tunamjua kwa jina, diwani hatumjui!

Ukitaka kununua pembezoni mwa mji, anzia ofisi ya ardhi ya halmashauri, omba kuona mchoro. Dripu baadaye.

Yule kijana kesho naenda naye, angalau mazao na kisima viingie kwenye uthamini.