Duka likifungwa, mchezo usizikwe nalo

Tarehe 27 Machi 2023, kampuni ya Nintendo ya Japani ilifunga maduka ya mtandaoni ya mashine zake mbili za michezo, Wii U na 3DS. Tangu siku hiyo hakuna anayeweza kununua humo hata mchezo mmoja. Waliokuwa wamelipia waliachiwa ruhusa ya kupakua tena walichonunua, lakini hawakuahidiwa kwamba itadumu milele.

Tatizo ni kwamba baadhi ya michezo hiyo haikuwahi kutolewa kwa CD wala kwa kaseti. Ilipatikana dukani humo tu. Leo imebaki kwa wale walioihifadhi ndani ya mashine zao.

Mwaka huohuo wa 2023, shirika la Marekani liitwalo Video Game History Foundation lilionyesha kuwa asilimia 87 ya michezo ya zamani iliyotolewa nchini humo haiuzwi tena.

Ndiyo maana nawaunga mkono wanaokusanya mashine za zamani na kutunza michezo iliyomo. Kuna wanaowaita wezi. Nauliza: wanamwibia nani, ikiwa mwenye mali mwenyewe amekataa kuuza? Anayeuza nakala za wizi sokoni simtetei, mtunzi ana haki yake. Lakini kutunza si kuuza. Sisi wa redio tunajua: kanda ikirekodiwa juu yake, sauti ya kwanza hairudi.

Sisi wa Kivu jambo hili linatuhusu pia. Tantalum inayotoka katika koltani yetu hutumika ndani ya vifaa vya aina hii. Vijana wanachimba kwa jasho, wengine wanafia shimoni. Kisha mashine nzima inatupwa eti duka lake limefungwa!

Kupaza sauti kunasaidia. Machi 2021, Sony ilitangaza kufunga maduka ya PlayStation 3 na Vita. Wachezaji walilalamika, na mwezi uliofuata kampuni ikabadili uamuzi.

Maoni yangu ni haya: kampuni inayofunga duka iache nakala katika maktaba, na watafiti waruhusiwe kuzifungua hata wakiwa mbali. Oktoba 2024, ofisi ya haki miliki ya Marekani ilikataa ombi la namna hiyo. Iombwe tena. Nawe mwenye mashine ya zamani nyumbani, usiifute wala kuiuza kabla ya kuangalia kilichomo.