Nyota Inang'aa au Nyota Anang'aa?

Jioni yetu ya tafsiri muhula huu ilikwama kwenye silabi moja. Tulikuwa tukifasiri kisa cha Eärendil, yule baharia wa J. R. R. Tolkien aliyepandishwa angani pamoja na merikebu yake akawa nyota. Tulipofika pale anapoonekana kwa mara ya kwanza, baadhi yetu tuliandika "ikang'aa", wengine "akang'aa", na ubishi ukaendelea mpaka mlinzi akaja kufunga jengo. Mhadhiri wetu mmoja alisema kwa upole kwamba huo ni ugomvi wa ngeli tu, na kwamba jioni hizo zingefaa zaidi kwa vitabu vya kwetu. Kwa heshima zote, hatukubaliani naye katika yote mawili.

Kwa wasiokijua kisa, kimo katika *The Silmarillion*, kitabu kilichotoka mwaka 1977, miaka minne baada ya mwandishi kufariki. Eärendil ni mtoto wa kuwili: baba mwanadamu, mama Mwelfi. (Tukiandika Mwelfu na Waelfu, msomaji ataanza kuhesabu.) Akiwa safarini baharini, kwao kunavamiwa kwa sababu ya kito kimoja, Silmaril, alicho nacho mkewe Elwing. Wana wao wawili wanatekwa. Elwing anajitupa baharini na kito chake, anageuzwa ndege mweupe, anamfikia mumewe melini. Wanaelekea magharibi, nchi iliyokatazwa, na huko Eärendil anawaombea msaada Waelfi na wanadamu pia. Ombi linakubaliwa. Sharti ni kwamba wao wawili hawatarudi tena kuishi na watu wao. Merikebu inainuliwa angani, nahodha usukanini, kito kipajini pake, na walio chini wanaona nyota mpya jioni na alfajiri. Ndiyo Zuhura tunayoijua sote.

Sasa rudini kwenye silabi. Kitenzi cha Kiingereza hakimwulizi mwandishi kama kinachong'aa ni mtu au kitu. Chetu hakitamkiki kabla hujajibu. Na lugha yetu imekwisha kuzoea kuliweka neno nyota pande zote mbili: nyota ya alfajiri *inang'aa*, nyota wa mpira *anang'aa*. Waliotaka I-ZI walisema kinachoonekana ni nuru, basi. Waliotaka A-WA walisema yule ni mume wa mtu.

Rai yetu ni kwamba tusichague. Upatanisho ubadilike kwa kumfuata anayetazama. Watu waliokata tamaa vitani, wasiojua kilichotokea, waseme *inang'aa*. Elwing, aliyejengewa mnara mweupe ufukweni na ambaye huruka kumlaki mumewe anaporudi, aseme *anang'aa*. Vivyo hivyo Elrond, mwana aliyeachwa, ambaye katika *The Lord of the Rings* anasikiliza Bilbo akiimba habari za nyota hiyo nyumbani mwake. Aragorn alimwonya Bilbo kwamba ni ujasiri wa ajabu kuimba habari za Eärendil katika nyumba ya Elrond, na kwa Kiingereza unaweza kudhani ni utani tu. Mpe Elrond kiambishi *a-* utaona kwa nini si utani tu. Tena wako wana wa Fëanor, wale waliovamia. Wao wakitazama juu hawaoni nyota wala mtu, wanaona mali yao. Kwao ni kito, basi *kinang'aa*. Angani kitu kimoja, macho matatu, na ngeli zimeyasema yote bila sisi kuongeza hata neno la maelezo.

Jina la nyota nalo lilitutesa. Waelfi waliiita Gil-Estel, na mkono wa kwanza uliandika haraka "Nyota ya Matumaini". Lakini katika maandishi yake mengine Tolkien anatenganisha *amdir*, yaani kutazamia jema ukiwa na sababu ya kulitazamia, na *estel*, lisilotegemea sababu yoyote inayoonekana. La kwanza tunalo: ni taraja. La pili liko mahali fulani kati ya tumaini na imani. Tumeandika "Tumaini" kwa umoja, hatujaridhika, na anayelijua neno bora atuletee.

Ama "vitabu vya kwetu". Tunavisoma na tutavisoma. Ila Tolkien alikuwa mwanafunzi kama sisi, mwenye umri wa miaka 22, alipoandika shairi lake la kwanza kuhusu baharia huyu, Septemba 1914. Kilichomwasha ni neno moja, *earendel*, alilokutana nalo katika shairi la Kiingereza cha kale. Sisi tulikwenda kumfasiri tukagundua kwamba wengi wetu, tuliokulia huku na Kiswahili cha jikoni na cha darasani, hatukuwa na neno la omo, la tezi wala la foromali. Tuliwapigia simu wazee. Babu wa mwenzetu mmoja alitusomesha tanga kwa dakika arobaini, na hakuna kitabu cha kozi kilichowahi kutufanyia hivyo.

Liko pia jambo ambalo hatukulisema mbele ya mhadhiri. Eärendil aliambiwa achague awe wa kabila gani. Alikuwa amechoka, akamwachia mkewe achague. Elwing akachagua Waelfi, naye akamfuata, ingawa moyo wake ulikuwa kwa watu wa baba yake. Sentensi hiyo ilifasiriwa na mwenzetu ambaye kila likizo huulizwa, huku na kule, yeye ni wa wapi hasa. Aliisoma kwa sauti mara moja, akaomba tupumzike kidogo. Walio nyumbani hutazama juu, huona mwanga, hufurahi. Aliye juu anashika usukani.

Tafsiri imebaki kurasa nne. Tunakutana Alhamisi, chumba kile kile, na mhadhiri wetu amekaribishwa; tunamhitaji kwenye foromali.